Tusimlaumu DJ kwa Dhambi za Kiingereza

Hukumu ikirudiwa mno huacha kuonekana kama hukumu, watu wakaichukua kuwa jambo lililokwisha kuthibitishwa. Ndivyo ilivyo kwa filamu za kutafsiriwa. Mwalimu wa lugha atasema kwamba DJ anayeweka sauti yake ya Kiswahili juu ya muvi ya kigeni anaipotosha. Msanii wa Bongo Movie atasema anaua soko. Kijana aliyefika chuo kikuu atamcheka mdogo wake anayezipenda sinema hizo na kumshauri aangalie orijino. Na linapokuja suala la katuni za Kijapani, ambazo vijana wengi siku hizi wanazifuata kwa jina la anime, neno hilo orijino hubeba maana ya ajabu, kwa sababu mara nyingi linakusudia toleo la Kiingereza. Yaani filamu iliyoandikwa, ikachorwa na kuzungumzwa Japani inahesabiwa kuwa halisi pale inapozungumzwa kwa lafudhi ya California, na inahesabiwa kuwa imeharibika pale inapozungumzwa kwa Kiswahili cha Temeke. Makala haya yanaipinga hukumu hiyo. Anayestahili kushukiwa kwanza si msimulizi tunayemsikia akizungumza juu ya filamu, bali yule aliyeingia ndani yake, akaondoa sauti za wenyewe, akaweka zake, kisha akatuachia tuamini kwamba hakuna kilichobadilika.

Nyakanazi, wilayani Biharamulo, ni mahali pazuri pa kuipimia hukumu hiyo. Hapo ndipo barabara inayotoka Kigoma kupitia Kasulu, Kibondo na Kakonko inapokutana na barabara kuu ya kutoka Kahama kuelekea Ngara, kwenye mipaka ya Rusumo upande wa Rwanda na Kabanga upande wa Burundi. Katika mji wa njia panda kama huo, penye madereva wa malori, mama lishe na wafanyabiashara waliotoka kila upande, Kisubi, Kihangaza, Kiha, Kisukuma na Kihaya vinaishi pamoja, na Kiswahili ndicho kinachowakutanisha wenye lugha hizo. Kwa kufuata barabara hizo hizo, mila tatu za kusimulia filamu zimekaribiana. Uganda wapo wasimulizi wa Kiganda wanaoitwa mavijei. Rwanda zipo filamu ziitwazo agasobanuye, yaani zilizofafanuliwa, ambazo zilimpa umaarufu mkubwa Nkusi Thomas, aliyejulikana kwa jina la Yanga hadi alipofariki mwaka 2022. Tanzania wapo maDJ, na jina linalotajwa kila habari ya chimbuko lao inapozungumzwa ni la Derek Gaspar Mukandala, yaani Lufufu. Ukanda huu hauipokei filamu ya kigeni kimya kimya. Unaipokea kwa mdomo wa mtu, ama kwenye banda la video, ama kwenye simu baada ya kurushiwa muvi kwenye memori kadi dukani.

Wanaoidharau desturi hiyo huizungumzia kama ugonjwa wa watu wasiojua kusoma, uliozuka baada ya deki za video kufika vijijini. Historia haiwaungi mkono. Kati ya mwaka 1935 na 1937 uliendeshwa mradi wa sinema wa elimu wenye makao yake Vugiri, kwenye milima ya Usambara. Filamu zake zilikuwa bubu, na maelezo yalichezwa kwenye santuri kwa Kiswahili na lugha nyingine za Afrika Mashariki na Kati. Watu wetu walikutana na sinema ikiwa tayari ina msimulizi pembeni. Lakini mfano ulio mzito zaidi unatoka Japani kwenyewe. Katika enzi ya filamu bubu, majumba ya sinema ya Japani yalikuwa na wasimulizi walioitwa benshi, ambao walisimama kando ya pazia wakiwasemea wahusika wote, wakieleza mambo ya ugenini ambayo watazamaji hawakuyajua, wakitia chumvi palipohitaji chumvi. Benshi maarufu alivuta watu kuliko mwigizaji. Kaka yake Akira Kurosawa, mwongozaji mkubwa kuliko wote katika sinema ya Kijapani, alikuwa benshi, na kazi hiyo ilimfia mikononi filamu zilipoanza kusema zenyewe. Kwa hiyo Mjapani wa mwaka 1925 angeingizwa kwenye banda la video la Biharamulo, angeshangazwa na mengi, lakini si na DJ.

Sasa tulitazame hilo toleo la Kiingereza tunaloambiwa kuwa ndilo kipimo. Mwaka 1985 kampuni ya New World Pictures ilitoa Marekani filamu ya Hayao Miyazaki ya mwaka 1984, Nausicaä of the Valley of the Wind, kwa jina jipya la Warriors of the Wind. Dakika zaidi ya 20 zilikatwa, majina ya wahusika yakabadilishwa, na hadithi ya binti anayejaribu kuuelewa msitu wenye sumu na wadudu wake wakubwa ikageuzwa kuwa hadithi ya vita dhidi ya madude. Studio Ghibli, iliyoanzishwa mwaka huo huo, ilijifunza somo lake. Miaka ya tisini, filamu ya Princess Mononoke ilipokuwa ikielekea Marekani kupitia kampuni ya Miramax, upande wa Japani ulimpelekea mkuu wa kampuni hiyo, Harvey Weinstein, upanga wa Kijapani ukiwa na ujumbe mfupi kwamba pasikatwe chochote. Kisa hicho husimuliwa kama ushindi wa msanii dhidi ya mfanyabiashara, na kwa kiasi fulani ni kweli, kwa kuwa filamu ilibaki na urefu wake wa zaidi ya saa mbili. Ila upanga ule ulilinda picha tu. Haukuyalinda maneno, wala haukuulinda ukimya ulio kati ya maneno. Tangu hapo watu wengi wanadhani filamu ambayo haikukatwa imefika salama, na dhana hiyo ndiyo inayoifanya kazi ya kuingiza sauti mpya isichunguzwe kabisa.

Chukua Kiki's Delivery Service ya mwaka 1989. Ni hadithi ya msichana wa miaka 13 anayeruka kwa ufagio, ambaye kwa desturi ya ukoo wake anaondoka nyumbani kwenda kuishi mwaka mzima katika mji wa ugenini. Rafiki yake ni paka mweusi, Jiji, na wanazungumza. Katikati ya hadithi msichana anachoka, anakata tamaa, kipawa chake kinapotea, na paka anageuka kuwa paka: analia nyau na kwenda zake. Mwishoni kipawa cha kuruka kinarudi, Jiji anamrukia begani, na bado analia nyau tu. Msichana anatabasamu. Humo ndimo filamu ilimoweka hoja yake yote kuhusu kukua. Yapo mambo ya utotoni ambayo hayarudi, hata baada ya mtu kupona, na mtu mzima ni yule anayeweza kuendelea bila hayo na asihuzunike. Disney walipotia sauti za Kiingereza mwaka 1998, walimpa paka sentensi katika tukio hilo la mwisho, akamsemesha Kiki upya. Sentensi moja, isiyokata hata sekunde moja ya picha, ikaibadilisha filamu kutoka hadithi ya kukua na kupoteza ikawa hadithi ya kuumwa na kupona, ambamo kila kilichotoweka kinarudishwa mahali pake. Hakuna DJ aliyefanya hivyo. Ilifanyika studio, kwa mikataba na mishahara mizuri. Na ushahidi kwamba lilikuwa kosa wameutoa Disney wenyewe, kwani katika toleo lao la mwaka 2010 waliiondoa sentensi hiyo pamoja na nyongeza nyingine nyingi. Kwa miaka 12, waliokuwa wakiitazama orijino ya Kiingereza walikuwa wakitazama mwisho ambao mwenye filamu hakuuandika.

Mfano wa pili ni Spirited Away ya mwaka 2001, filamu iliyopata tuzo ya Oscar mwaka 2003. Chihiro, mtoto wa miaka kumi, anaingia na wazazi wake katika ulimwengu wa miungu na mizimu. Wazazi wanakula chakula kisicho chao na kugeuka nguruwe, na yeye anaajiriwa katika nyumba ya kuogea inayoendeshwa na bibi mchawi aitwaye Yubaba, ambaye anamnyang'anya jina ili asahau alikotoka. Anaokoa wazazi, anarudi kwenye njia ya kawaida, anaingia garini. Kwa Kijapani, hatuambiwi anawaza nini. Anageuka nyuma mara moja, gari linaondoka, na mtazamaji anabaki na swali kama mtoto huyu atakumbuka deni lake kwa wale waliomsaidia. Kwa Kiingereza, gari linapoondoka, baba anasikika akisema kwamba nyumba mpya na shule mpya zinatisha kidogo, na Chihiro anajibu kwamba anadhani atamudu. Mazungumzo hayo hayamo katika filamu ya Miyazaki. Yameongezwa, na kazi yake ni kumwambia mtazamaji funzo: mtoto aliyekuwa mwoga sasa anajiamini. Lakini filamu nzima ilikuwa ikionyesha kinyume cha kujiamini kwa mtu mmoja. Chihiro haponi kwa sababu ana nguvu ndani yake. Anapona kwa sababu anajifunza adabu, anashukuru, anasaidiwa na wazee, na analikumbuka jina la mto uliowahi kumwokoa. Maadili ya kutegemeana yamefungwa kwa sentensi mbili za maadili ya kujitegemea, na mwenye kulisikiliza toleo hilo peke yake hana njia ya kujua kwamba mshono upo.

Princess Mononoke, ya mwaka 1997, inatuleta karibu zaidi na Kagera. Filamu inaanza kwa maandishi mafupi yanayosema tu kwamba zamani nchi ilifunikwa na misitu mikubwa waliyoishi miungu ya kale. Toleo la Kiingereza, lililoandaliwa na mwandishi Neil Gaiman na kutoka mwaka 1999, liliurefusha utangulizi huo na kuusomesha kwa sauti. Msikilizaji anaelezwa kwamba hapo kale watu na wanyama waliishi kwa amani, kwamba misitu iliharibiwa baadaye, na kwamba wanyama wakubwa waliilinda kwa utii kwa roho kuu ya msitu. Kabla ya picha kuanza kazi, mtazamaji amekwisha kugawiwa pande mbili, bustani ya amani na waharibifu wake. Filamu yenyewe inaukataa mgawanyo huo kwa nguvu zake zote. Bibi Eboshi, anayekata msitu kwa ajili ya tanuri zake za chuma, ndiye pia aliyewakomboa wanawake kutoka kwenye madanguro na kuwapa kazi ya kukanyaga mivukuto, na ndiye aliyewaosha na kuwafunga vidonda wagonjwa wa ukoma ambao dunia iliwatupa. Miungu ya msitu nayo haina upole. Ina hasira, ina kisasi, na nguruwe mwitu wake wanakufa kwa kiburi. Hakuna amani ya kale ya kurudia, kuna watu na viumbe wanaohitaji kuishi mahali pamoja bila kupatana.

Nasema hadithi hii iko karibu na Kagera kwa sababu zinazojulikana. Mwaka 1978 Peter Schmidt na Donald Avery walichapisha matokeo ya utafiti wao Buhaya, magharibi mwa Ziwa Victoria, wakionyesha kwamba wahunzi wa huko walikuwa wakiyeyusha chuma kwa ufundi wa hali ya juu kati ya miaka 1,500 na 2,000 iliyopita, kwa tanuri na mivukuto iliyohitaji makaa mengi na kwa hiyo miti mingi. Na katika siku zilizo karibu nasi, mwishoni mwa Aprili 1994, watu wapatao robo milioni walivuka daraja la Rusumo wakikimbia Rwanda kwa muda wa siku moja hivi, wakaingia Ngara, na kambi ya Benaco ikawa mji. Kila familia ilihitaji kuni, na vilima vilivyoizunguka kambi vikavuliwa miti. Mtu wa Ngara au Biharamulo anajua, bila kufundishwa na yeyote, kwamba anayekata mti anaweza kuwa ndiye anayemwokoa mtoto wake, na kwamba msitu uliokatwa kwa sababu njema umekatwa vilevile. Huyo ndiye mtazamaji ambaye Miyazaki angemtamani. Utangulizi wa Kiingereza unamshusha hadhi, unamfundisha kama mtoto jambo ambalo ni jepesi kuliko anayoyajua.

Ukiiweka mifano hii mitatu pamoja, unaona tabia moja. Toleo la Kiingereza linaogopa ukimya, linaogopa swali lisilo na jibu, na linaogopa ugeni. Sababu yake haina siri: lilitengenezwa kwa ajili ya mnunuzi fulani, mzazi wa Marekani anayempeleka mwanawe sinema Jumamosi, na kila kilichodhaniwa kuwa kitamkwaza kililainishwa. Katika mfululizo wa katuni za Pokémon, tonge la wali analolishika mhusika mkononi liliwahi kuitwa donati kwa Kiingereza, ingawa picha ilikuwa wazi. Mtoto wa Nyakanazi haelezwi tonge ni nini. Yeye angeelewa picha ya Kijapani moja kwa moja, lakini ilimbidi aipate kupitia kwa mtu aliyedhaniwa kuwa hajawahi kula kwa mkono. Only Yesterday ya Isao Takahata, ya mwaka 1991, haikupata toleo la Kiingereza la Marekani hadi mwaka 2016, na sababu iliyozoeleka kutajwa ni kwamba wasichana wa shule wanazungumzia hedhi. Heshima kwa wazee, mizimu ya mito, chakula cha kushika kwa vidole, mwili wa binti unaokua: mengi kati ya yaliyotolewa au kupunguzwa ni yale ambayo mtazamaji wa Afrika Mashariki anayo nyumbani. Tunakubali kula makombo ya meza ya mtoto mwingine, kisha tunamkemea DJ kwamba anachafua chakula.

Najua jibu litakalokuja haraka. Litasema kwamba DJ naye anaongeza, tena kupita kiasi. Anatunga utani, anawapa wahusika majina ya mtaani, anataja mitaa ya Dar es Salaam katikati ya mapigano ya Hong Kong, na kama Disney wanaogopa ukimya basi yeye hajui kabisa kuwa kuna kitu kama hicho. Yote hayo ni kweli, na sitayapunguza. DJ akiisimulia Kiki's Delivery Service, ile nyau ya mwisho huenda isisikike kabisa. Lakini tutenganishe mambo mawili ambayo wakosoaji huyachanganya, kupoteza na kughushi. Anayezungumza juu ya filamu anatupotezea kitu, kwa maana sauti yake inafunika. Haghushi, kwa sababu chini ya sauti yake bado unasikia sauti za wahusika, na sauti ya mwanamume mmoja inayowasemea msichana, bibi na paka kwa zamu haimdanganyi yeyote kwamba ndiyo sauti yao. Kila aliyemo bandani anajua kuwa utani ni wa DJ. Mwanaanthropolojia Mjerumani Matthias Krings, aliyeichunguza kazi ya wasimulizi wa Tanzania, aliipa makala yake moja jina linalofananisha kazi hiyo na kugeuza wali kuwa pilau. Mfano huo unafaa kuliko unavyoonekana. Anayekula pilau anajua viungo vimetiwa, na anaweza kulalamika kwamba vimezidi. Toleo la Kiingereza limetia viungo vilevile, kisha mlaji akaambiwa ni wali mtupu.

Fasihi ya Kiswahili ina kipimo kizuri cha jambo hili. Mwalimu Nyerere alipoitafsiri tamthilia ya Shakespeare ya mfanyabiashara wa Venisi, aliitoa mwaka 1969 kwa jina la Mabepari wa Venisi, miaka miwili baada ya Azimio la Arusha. Jina hilo peke yake lilimwelekeza msomaji aitazame hadithi kwa jicho la ujamaa, na wapo wanaosema alikwenda mbali mno. Ila jina la Nyerere lilikuwa juu ya jalada. Msomaji alijua anayezungumza ni nani, ana msimamo gani, na angeweza kubishana naye. Tafsiri yenye mwenyewe inabeba wajibu wake hadharani. DJ naye, kwa namna yake ya mtaani, hutaja jina lake kila baada ya dakika chache. Huitwa majivuno, lakini kazi yake ni ile ile ya jina la jalada. Waliomwongezea Chihiro maneno ya mwisho majina yao yanapita mwishoni katika orodha ambayo banda huizima, na hata mwenye kuisoma yote haelezwi ni sentensi zipi zilizo zao.

Pingamizi la pili lina uzito zaidi. Litasema kwamba matoleo haya ya Kiingereza yalifanywa kwa idhini ya Studio Ghibli, na wataalamu wenye heshima kwa kazi hiyo. Spirited Away ilisimamiwa na Kirk Wise, mmoja wa waongozaji wa Beauty and the Beast, na bila juhudi ya John Lasseter huenda Marekani isingeiona kabisa. Nakubali heshima yao. Nakubali pia kwamba sehemu kubwa ya kazi yao ni nzuri, na kwamba kuipatanisha midomo iliyochorwa kwa Kijapani na sentensi za Kiingereza ni ufundi mgumu. Lakini idhini ya mwenye mali inahusu biashara kati yake na mnunuzi. Haimwambii mtazamaji kilichobadilishwa, wala haiibadilishi nyongeza ikawa asili. Na kama nia njema ingetosha, tungepaswa kumsamehe DJ kwanza, kwa sababu nia yake haina utata: anataka mtu aliyeko mbele yake aelewe na afurahi. Tusiwe na mizani mbili, moja ya studio yenye viyoyozi na nyingine ya chumba chenye kompyuta moja na maiki.

Wapo watakaosema dawa ni rahisi, watu waangalie kwa Kijapani na kusoma maandishi ya chini. Ushauri huo unatolewa na mtu anayekaa mita mbili mbele ya kioo chake, anayesoma Kiingereza kwa kasi. Banda lina mabenchi na watu wa nyuma wanaotazama kati ya vichwa. Maandishi yanapita kwa sekunde mbili tatu, kwa lugha ambayo wengi walikutana nayo kama somo la darasani na kuiacha hapo. Isitoshe, kwenye baadhi ya diski maandishi hayo yalinakiliwa kutoka kwenye sauti za Kiingereza badala ya kutafsiriwa upya, hivyo mtu anasikiliza Kijapani huku akisoma nyongeza zile zile. Kuhusu sheria, sina la kubisha. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya mwaka 1999 inampa mwenye kazi haki ya kuruhusu tafsiri yake, na DJ anayeuza bila ruhusa anaivunja. Hilo litatuliwe kwa leseni na kwa malipo. Lakini wizi na upotoshaji ni mashtaka mawili tofauti, na ushahidi wa moja hauwezi kutumiwa kumhukumu mtu kwa lingine. Toleo la Disney lina leseni zote, na bado lilimpa paka maneno ambayo si yake.

Linabaki pingamizi moja ambalo linaisaidia hoja yangu badala ya kuidhoofisha. Mtu atasema: DJ hajui Kijapani, anatafsiri kutoka Kiingereza, hivyo anarithi makosa yote ya toleo hilo na kuongeza yake juu. Ni kweli. Akiipokea Spirited Away kwa Kiingereza, atatuambia kwa Kiswahili kizuri kwamba Chihiro anadhani atamudu, na tutaamini kuwa ndiyo nia ya filamu. Kikulacho ki nguoni mwako, na hapa kinachotula kimejificha ndani ya chanzo tunachokiita safi. Ndiyo maana kumlaumu DJ peke yake hakutibu chochote. Tukimnyamazisha kesho, zile sentensi za Disney zitabaki mahali pake, na sasa hatutakuwa hata na sauti ya pili ya kutukumbusha kwamba kuna mtu anatafsiri. Vivyo hivyo kwa uingizaji sauti rasmi wa Kiswahili unaokua katika televisheni zetu. Ni hatua njema kwa waigizaji na kwa lugha, ila kadiri unavyozidi kuwa laini ndivyo unavyozidi kuficha mkono wake, na ukijengwa juu ya hati za Kiingereza utakuwa toleo la tatu linalojifanya la kwanza.

Njia ya kuukwepa mzunguko huo ipo na imekwisha kutumika. Mwaka 2011 televisheni ya taifa ilionyesha tamthilia ya Kichina kuhusu Mao Doudou na mama wakwe zake kwa Kiswahili, kazi iliyowezekana kwa sababu redio ya kimataifa ya China ilikuwa na Idhaa ya Kiswahili kwa nusu karne na watu wanaozijua lugha zote mbili. Japani nayo haina upungufu wa watu hao. NHK ina idhaa yake ya Kiswahili, na Chuo Kikuu cha Osaka kinafundisha Kiswahili na kuchapisha utafiti juu yake. Wasambazaji wanaotaka kuleta filamu za Kijapani Afrika Mashariki wanaweza kudai hati ya Kijapani na mtafsiri wa Kijapani, na Bodi ya Filamu inaweza kutaka kila toleo la Kiswahili lieleze limetafsiriwa kutoka lugha gani na nani. MaDJ wanaweza kupewa leseni na hati hiyo hiyo, kisha waachwe wafanye wanachokiweza kuliko wengine, yaani kuipeleka filamu hadi benchi la nyuma. Mpaka hayo yatakapofanyika, tuyaulize matoleo ya Kiingereza maswali yale yale tunayomuuliza msimulizi wa Kiswahili: umeongeza nini, umeondoa nini, na kwa manufaa ya nani? DJ ataulizwa hayo na watazamaji wake bandani usiku huo huo. Mwenzake wa California hajawahi kuulizwa na yeyote kati yetu, na kinga hiyo tumempa sisi wenyewe, kwa kulipa toleo lake jina la orijino.